Kadi ya Mwisho ya Otýlie Zámečníková

Jina la ukoo wake maana yake ni fundi kufuli,
ila baba yake aliuza mbegu za kitunguu na kabichi
pale Choceň, treni zinapobadilisha njia,
na kitasa cha mlango wao kilikuwa kibovu miaka tisa.

Otýlie alikuwa karani wa telegrafu, zamu ya usiku.
Tik, tik-tik: fulani kafa Brno, njooni na makoti meusi;
ngano imepanda bei; mtoto wa kiume, kilo tatu.
Alijua mapema kwamba alama haina sauti
mpaka mtu aikopeshe koo lake.

Sarufi ya Kimisri, iliyoandikwa kwa Kijerumani,
aliinunua kwa mshahara wa wiki sita,
akaificha chini ya daftari la risiti.
Kati ya saa nane na saa kumi, nyaya zikilala,
alichora bundi, alichora mkono, alichora maji yenye meno.
Mkuu wa stesheni akachungulia:
"Bibie, hao ndege wako watataga lini?"

Irabu Wamisri waliziacha nje, kama viatu mlangoni.
Wengi hukwama hapo. Mcheki hakwami:
krk ni shingo, prst ni kidole, vlk ni mbwa mwitu,
na smrt hakuhitaji kutafsiriwa
aliyewahi kukesha na mtambo ule.
Mimi, ambaye kila neno la lugha yangu
huisha mdomo ukiwa wazi,
namwonea wivu kidogo.

Ana miaka thelathini na minne, chuoni Praha
wakampa kiti cha kusikiliza tu, karibu na jiko la makaa.
Ana arobaini na mbili, wakampa ufunguo wa chumba:
meza, dirisha linalotazama ukuta,
wanafunzi wawili, mmoja amefuata joto.
Hapo akaanza kadi. Neno moja, kadi moja.
Elfu kumi na tisa za mwandiko wa mbio,
mwandiko wa madeni, talaka, punda aliyekodishwa.
Wafalme, alisema, wana watu wa kuwasemea.

Wajerumani walipofunga vyuo
kadi zilirudi Choceň ndani ya magunia ya mbegu.
Askari alitumbukiza mkono, akatoa kisibiti,
akanusa, akapiga chafya, akapungia treni.
Dada yake, Hedvika, alizitunza ghalani.
Panya walikula herufi moja karibu yote.
"Herufi isiyo na maneno ya maana," Otýlie alisema,
na uongo huo hakuurudia.

Yule aliyefuata joto, Zbyšek Halaxa,
alichukuliwa usiku mmoja wa Novemba. Hakurudi.
Kadi zake ni zile za wino wa kijani.
Hakuna aliyeruhusiwa kuzinakili upya.

Misri alifika ana sitini na moja, kwa siku kumi na moja.
Luxor, ng'ambo ya magharibi, alipiga magoti
juu ya kigae chenye orodha ya wasiokuja kazini:
huyu anaumwa jicho,
huyu anapika pombe,
huyu anamzika mama yake.
Alisoma kwa sauti, irabu za kubahatisha,
kisha akamfasiria mlinzi Shazli kwa mikono.
Kwenye pombe Shazli alicheka.
Kwenye mama alivua kilemba, akakivaa tena.
Piramidi hakuziona; dereva alishika barabara nyingine
naye alikuwa amesinzia.

Alikufa Februari, mto Orlice una barafu kingoni.
Mezani kadi moja, neno la konsonanti tatu
lililopatikana mara moja tu,
katika barua ya mwanamke kwa mwanawe:
*nimekaa* — hapo lile neno — *hata taa ikazimika.*
Maana, kwa penseli: *huzuni*. Imefutwa.
*Kungoja*. Imefutwa pia, karatasi imechubuka.
Chini kabisa, kwa wino wa kijani,
mwandiko wake mwenyewe:
*bado*.